Shali ya Rashtrakavi

Jumanne hiyo ya Agosti, mwaka 2021, Achola alikuwa akivua aproni ya plastiki mlangoni pa chumba namba sita wakati Waceke alipomwita kwa kidole. Waceke ndiye aliyekuwa nesi mkuu wa zamu ya mchana, mtu wa Nyeri, mwepesi wa miguu na mzito wa kucheka. Akikuita kwa kidole badala ya jina, jua kuna karatasi mahali.

"Mzee wako anapandishwa juu," alisema.

"Juu wapi?"

"Achola, juu ni juu. Kwani hapa kuna juu ngapi?"

Juu ilikuwa moja tu. Ghorofa ya pili ya makao yale ya wazee, mwendo wa dakika chache kutoka hospitali ya Westmead, Sydney, ilikuwa na mlango unaofunguliwa kwa namba za siri. Nyuma ya mlango huo waliishi wale ambao akili zimewaaga. Kule simu huchukuliwa, kwa kuwa wenyewe huzitumbukiza chooni au huzificha ndani ya mito. Madirisha ya kule yanatazama bati la jiko.

"Alhamisi saa nane daktari atamwona kwa video," Waceke akaendelea. "Akisema kichwa kimeenda, Ijumaa tunahamisha kitanda."

"Kichwa cha Mzee Vyas? Hicho ni kizima kuliko changu."

Waceke akamgeuzia skrini ya kompyuta. "Sawa. Nisomee basi. Hii ni ya nani?"

Achola akasoma. Amejiita Mshairi wa Taifa la India mara tatu kabla ya chai. Amejisifu tena leo. Amekataa kuitika jina lake, anataka aitwe kwa cheo. Hivyo hivyo kurasa kwa kurasa, tangu Machi, zote katika chati ya tabia, ile ambayo madaktari huisoma kwanza. Na mwisho wa kila mstari kulikuwa na jina la aliyeandika, na jina lilikuwa lake.

Akahisi pumzi yake mwenyewe ikimrudia moto ndani ya barakoa.

"Waceke, huu ulikuwa mchezo wetu."

"Chati haina sehemu ya mchezo," Waceke akasema, na kwa mara ya kwanza sauti yake ikalegea. "Mwanawe nimempigia Perth. Anasema hicho cheo hajawahi kukiona popote. Hakuna karatasi, hakuna picha. Anasema ni ndoto za baba."

Achola alizaliwa uwanda wa Kano, nje kidogo ya mji wa Kisumu, upande ambao mto ukifurika huingia jikoni na kuzima moto. Alikuja Sydney kusomea kazi ya hoteli. Chuo kikafilisika akiwa muhula wa pili, akabaki na viza inayohesabu siku na mikono miwili, na ile mikono ndiyo iliyomwokoa. Kwa miaka kumi na mmoja alikuwa ameosha baba za watu. Baba yake mwenyewe alizikwa mwaka uliotangulia, mipaka ikiwa imefungwa kwa ajili ya korona. Yeye aliyatazama mazishi kwenye simu, ameketi ndani ya gari kwenye maegesho ya kazini, sare mwilini, na picha ilipokwama mchanga ulipoanza kumwagwa, alibaki akiitazama ile koleo iliyosimama hewani mpaka muda wa mapumziko ukaisha. Kisha akaingia ndani akamlisha mtu uji.

Ndivyo alivyokuwa, mtu asiyebwaga mzigo katikati ya njia. Binti yake, Abigail, alizoea kumwambia kwa Kiingereza kwamba anafanya kazi kama mtu anayelipia kosa. Achola alimjibu kwa Kiswahili kwamba aoshe vyombo.

Jaysukhlal Vyas aliletwa mwezi Machi. Wenzake walikwisha kumwonya Achola kwamba mzee ni mgumu, haitiki, anatazama ukuta. Siku ya kwanza aliingia na beseni, akachovya kidole majini, akajisemea, "Mama yangu, haya maji ni moto."

Kitandani ikatoka sauti: "Si uongeze baridi basi!"

Nusura beseni limponyoke. Mhindi yule mwembamba, mwenye miaka themanini na tisa, shali nyeupe ya ukingo wa dhahabu mabegani, alikuwa akimtazama kwa macho yaliyofifia, ya mtu aliyekutana na jirani ugenini.

"Mzee, wewe ni wa wapi?"

"Mimi nazaliwa Kisumu. Duka ya baba iko karibu na stesheni. Wewe?"

"Kano."

"Ah! Watu ya mafuriko!"

Akamwambia pia, kabla ya kuvaa soksi, kwamba asimwite Bwana Vyas. Yeye ni Rashtrakavi. Achola akauliza hilo ni dude gani. Mzee akaeleza kwa subira: ni cheo cha heshima, Mshairi wa Taifa. Huko India mtu aliyeamsha mapenzi ya nchi kwa mashairi yake aliweza kupewa. Wengine walipewa na serikali. Wengine walipewa kwa kinywa cha watu tu, kikawaganda hadi kaburini. Yeye alipewa Kisumu, mwaka wa sitini na mbili, kulipokuwa na vita mpakani mwa India na Wahindi wa Kisumu wakajaa ukumbini usiku mzima wakimrudishia kila beti.

Hapo ndipo Achola alipokosea, na lilikuwa kosa ambalo mtu wa Kano peke yake angeweza kulifanya. Kwao Wajaluo, watu wakiwa katika sherehe, mmoja huinua mkono, mpigaji hunyamazisha nyuzi za nyatiti, na yule aliyeinua mkono hujisifu mbele ya wote. Huitwa pakruok. Atajiita mwana wa fulani, ndovu wa mahali fulani, mtu ambaye mvua humwomba ruhusa. Hakuna anayemdai ushahidi. Kadiri anavyotia chumvi ndivyo wanavyomshangilia, kisha muziki huendelea.

Basi Achola akajipiga kifua. "Na mimi ni Achola nyar Kano, binti wa Kano, mto unaohamisha meza ya chifu!"

Mzee akashangaa. "Hiyo jina nani nakupa?"

"Nimejipa mwenyewe."

"Mtu hawezi kujipa!"

"Kwetu anaweza."

"Hapana. Ya kujipa ni kelele tu. Jina lazima ipewe na watu."

Alikasirika mpaka akasahau kukataa kuogeshwa. Siku ya pili Achola akaingia na sifa mpya, mzee akajibu na Rashtrakavi wake yuleyule, na hiyo ikawa salamu yao. Kwa kuwa kanuni ya makao ni kuandika kila jambo linalojirudia, Achola alikuwa akiandika. Alikuwa akiandika huku anatabasamu. Chati haikupokea tabasamu. Ilipokea maneno tu, na maneno yakalala pale yakingoja daktari.

Jumatano asubuhi alimkuta mzee ameshaketi dirishani, simu sikioni, ikiwa bado dakika tano kabla ya saa nne. Macho yake hayakuona tena mstari wa kalamu. Lakini kila siku saa nne kamili, kwa kuwa wageni walikuwa wamekatazwa kuingia, dada yake Kokila, mwenye miaka themanini na sita, alifika kwa miguu, akafungua kistuli nje ya kioo, akaweka simu yake sikioni na daftari magotini. Kaka akasema beti, dada akaandika. Wakati mwingine ilikuwa mistari minne kwa saa nzima. Wakati mwingine Kokila alitikisa kichwa, mzee akagonga mkono wa kiti kwa hasira, kisha akabadilisha neno. Hapakuwa na mtu mwingine Sydney nzima ambaye angemwandikia. Kwa nyumba ile lilikuwa dirisha tu, lakini kwake ndipo meza ya kazi ilipokuwa, na ndipo ilipokuwa kalamu. Huko juu hakuna simu, na bati la jiko haliandiki.

Helikopta ya polisi ilipita juu, kama ilivyopita kila siku wiki zile, ikihakikisha watu wa magharibi ya Sydney wako majumbani mwao.

Achola alirudi kwa Waceke. "Nifute yale niliyoandika."

"Hayafutiki. Unaweza kuongeza tu, na ukiongeza leo, siku moja kabla ya daktari, unajua itaonekanaje? Itaonekana tumepanga."

"Basi nitamwambia daktari mwenyewe."

"Wewe kesho utashika tableti. Tableti tu. Mdomo uko ndani ya barakoa, uache huko." Waceke akashusha sauti. "Wakaguzi wanakuja mwezi ujao, Achola. Ukisema chati moja ni uongo, wataniuliza zile zingine arobaini ni nini. Sina ubaya na mzee. Usinivunjie zamu."

Kokila alipokuwa akikunja kistuli chake, Achola alitokea mlango wa nyuma akasimama mbali naye hatua nne, kila mmoja na barakoa yake. Alimweleza yote. Alidhani yule bibi angelia. Kokila alikikunjua kistuli, akaketi tena.

"Mama Kokila, cheo kilikuwepo au hakikuwepo?"

"Kilikuwepo." Kiswahili chake kilikuwa kinyoofu kuliko cha kaka yake. Alikuwa amefundisha shule Kisumu. "Nilikuwa ukumbini. Mgeni kutoka India alimvisha shali, watu wakaliita lile jina mpaka vioo vikatetemeka."

"Basi wewe ni shahidi! Kesho nitakupigia, utamwambia daktari."

"Sitasema."

"Kwa nini?"

Kokila alitazama dirishani. Mzee alikuwa bado ameshika simu sikioni ingawa imekatwa, midomo ikitembea.

"Kwa sababu nikianza sitaweza kuishia hapo," alisema. "Walimpa, halafu wakamnyang'anya. Mwaka wa sitini na nne, Kenya imekwisha pata uhuru, alipanda ukumbi uleule akasoma shairi. Akasema akifa majivu yake yasipelekwe India, yatiwe katika ziwa la Kisumu, kwa sababu hilo ndilo lililomlea. Watu wakanyamaza. Rashtrakavi wa India anaomba ziwa la Kisumu! Kesho yake wanaume wawili wakaja nyumbani kuchukua shali. Yeye hakuwepo. Nilifungua mlango mimi. Niliikunja vizuri, nikawapa."

"Na hii anayovaa?"

"Aliinunua Leicester, Uingereza, miaka mingi baadaye. Akavaa, akasema Rashtrakavi, nami nikanyamaza. Mwanawe hajui lolote. Miaka hamsini na saba hatujalitamka." Akainuka. "Usimuulize mbele ya watu, binti yangu. Atakufa."

Achola alirudi ndani akaosha mikono hadi ikawa myekundu. Mtu amenyang'anywa jina kwa ajili ya ziwa lake yeye, ziwa alimochota maji akiwa na miaka sita, naye amekuwa akimchekea kila asubuhi kama mlevi wa sherehe! Na sasa ukweli pekee wa kumwokoa ndio ulioweza kumvunja. Kama atashikilia cheo bila ushahidi, daktari atamwona mwendawazimu. Kama Achola atasema aliyoambiwa, atakuwa mtu wa tatu kuja kuchukua shali.

Alhamisi saa nane kasoro dakika kumi alimchana mzee nywele. Alirudia upande uleule mara tatu, mzee akahisi.

"Wewe naogopa nini, mto ya Kano?"

"Mzee, leo ukiulizwa, jibu vizuri."

"Mimi siku zote najibu vizuri."

Waceke alisimama mlangoni, mikono kifuani. Achola akainua tableti. Daktari alikuwa mwanamke kijana, nywele zimefungwa ovyo, nyuma yake rafu ya vitabu na kikapu cha nguo ambacho hakikukunjwa. Alionekana amechoka, tena si mtu mbaya, na hilo lilimtisha Achola zaidi. Mtu mbaya unaweza kumchukia ukapumua.

Maswali ya kwanza mzee aliyamaliza kwa Kiingereza safi. Siku, mwezi, mwaka. Waziri mkuu. Kutoka mia akishuka kwa saba saba hadi mbili, bila kukosea. Daktari akatabasamu. Kisha akatazama pembeni, mahali ambapo Achola alijua chati iko wazi.

"Naona hapa kuna habari ya cheo, Bwana Vyas."

"Mimi ni Rashtrakavi."

"Mshairi wa Taifa la India."

"Naam."

"Mwanao anasema hakuna kumbukumbu yoyote. Nimetafuta pia, sikuona jina lako."

"Mimi ni Rashtrakavi," mzee akarudia, sauti imepanda.

Daktari akaanza kupiga chapa. Vidole vyake vilisikika vikigonga, taratibu, na Achola aliona kila pigo ni ngazi moja, mzee anapandishwa, anapandishwa.

"Daktari," alisema. Waceke alikohoa mlangoni. "Daktari, samahani. Yale maandishi ni yangu, na nimeyaandika vibaya."

Akaeleza. Alieleza kwa Kiingereza cha haraka, akisikia kinavyopwaya: kwamba kwao mtu hujisifu mwenyewe, ni furaha, ni adabu ya sherehe, kwamba alimsikia mzee kwa sikio la kwao, kwamba mzee hakujisifu hata siku moja. Kwa watu wake mtu hawezi kujipa jina. Alimwambia hivyo siku ya kwanza kabisa, akakasirika. Hilo hakuliandika. Alilopaswa kuliuliza ni moja tu, na hakuliuliza.

"Lipi?" daktari akasema. Vidole vilikuwa vimesimama.

"Nani alikupa."

"Basi tumuulize sasa. Bwana Vyas, nani alikupa?"

Achola alitazama dirishani kwa sababu hakuweza kumtazama mzee. Nje, saa nane mchana, saa isiyo yake, Kokila alikuwa amesimama bila kistuli na bila simu.

Mzee hakumjibu daktari. Alimgeukia Achola, na alipofungua kinywa kikatoka Kiswahili, kama mtu anayegeuza uso ili aseme.

"Dada yangu nakuambia?"

Achola hakuweza kudanganya. "Ameniambia."

"Yote?"

"Yote, mzee. Lakini mimi sitasema neno. Ukinyamaza, nanyamaza."

Tableti ilikuwa imeanza kumlemea mikononi. Daktari aliuliza kama kuna tatizo la mtandao. Mzee aliinua mkono, akashika ukingo wa dhahabu, na Achola akadhani anaisogeza shali vizuri begani. Aliivuta. Ilishuka taratibu, ikaacha mabega yake wazi ndani ya sweta la kijivu, mabega madogo kuliko alivyoyazoea. Akaikunja mara mbili juu ya magoti, kona kwa kona, kwa vidole visivyoona. Nje ya kioo Kokila aliziba mdomo wake kwa viganja viwili, juu ya barakoa.

"Ambia yeye," mzee akasema. "Hii nilinunua Leicester. Ile ya kweli walichukua. Ambia walinipa sitini na mbili, watu mia nne, kwa mdomo yao. Sitini na nne wakachukua, kwa sababu nasema Kisumu ni nchi yangu. Ambia mimi najua walichukua. Kila siku najua. Si Rashtrakavi. Nilikuwa, miaka miwili."

Achola akatafsiri, neno kwa neno, akijikaza asiongeze hata moja. Alipofika kwenye miaka miwili alikosea, akaanza tena.

Daktari aliacha kuitazama chati. Kisha alisema kwamba mtu aliyepotelewa na akili hushikilia cheo chake. Hajawahi kukutana na aliyeweza kueleza tarehe aliyonyang'anywa. Alisema haoni sababu ya kumhamisha. Alisema ataandika hivyo leo. Kabla ya kuzima aliomba radhi, na ilikuwa vigumu kujua anamwomba nani.

Waceke aliingia, akamchukua Achola tableti mikononi. "Nilikuambia unyamaze," alisema.

"Nilikusikia."

"Wakaguzi wakija utawaeleza wewe hayo mambo ya kujisifu."

"Nitawaeleza."

"Tena kwa Kiingereza kizuri kuliko hicho," Waceke akasema, akatoka, akaurudisha mlango polepole sana, kama unavyourudisha penye mtoto aliyelala.

Ijumaa kitanda hakikuhamishwa. Achola aliingia na beseni bila sifa yoyote mdomoni. Hakujua amwite nani. Shali ilikuwa juu ya kabati, imekunjwa vilevile. Mzee alijibu salamu, alikunywa chai nusu kikombe, akaomba apelekwe dirishani. Saa nne Kokila alifungua kistuli chake na daftari. Wakaweka simu masikioni. Ikapita robo saa bila neno. Achola alitandika kitanda, akakitandua, akakitandika upya ili asitoke. Amebaki na dirisha, alijisemea, lakini atalifanyia nini?

"Achola," mzee akaita bila kugeuka.

"Naam, mzee."

"Ile ya Kano. Mtu anaanza namna gani?"

"Kujisifu?"

"Ndiyo."

Achola alisogea karibu. "Anainua mkono kwanza. Muziki unanyamaza. Halafu anataja alikotoka, halafu anajiita atakavyo."

"Na watu wakikataa?"

"Hawawezi kukataa, mzee. Hawakutoa wao."

Mzee alifikiri. Kisha akainua mkono wa kuume, ule wenye mshipa uliovimba, mpaka usawa wa sikio, akaanza kusema katika simu, kwa Kigujarati, pole pole. Achola hakuelewa neno hata moja, ila alisikia Kisumu, na baada ya Kisumu likaja neno jingine, refu, si Rashtrakavi ila kama jina jipya, lililomfanya Kokila ainue macho kwa mshtuko. Bibi yule hakuandika mara moja. Alimtazama kaka yake kupitia kioo, kalamu hewani, na Achola akakumbuka ile koleo. Kisha kalamu ikashuka.

Saa tano Achola aliketi kwenye kompyuta. Aliandika kwamba mkazi wa chumba namba sita amekunywa chai nusu kikombe, na kwamba amefanya kazi na dada yake kwa saa moja. Chati ya tabia ilifunguka yenyewe, ikamsubiri. Aliitazama kidogo, akaifunga bila kuandika kitu.